Maswali ya Wasomaji: Makaburi ya Mawalii wa Timbuktu Yalivyosimamishwa Tena

Barua za safari hii zimeelemea upande mmoja: makaburi ya mawalii wa Timbuktu, kaskazini mwa Mali, yaliyobomolewa mwaka 2012 na kujengwa upya kati ya 2014 na 2015. Zilizofanana tumeziunganisha, ndefu tumezifupisha. Wanaojibu ni waashi na wasanifu wanaoshughulika na majengo ya udongo.

Swali: Nimesikia Timbuktu ikiitwa mji wa mawalii 333. Ni akina nani hao, na makaburi yenyewe ni ya tangu lini?

Hiyo 333 ni hesabu ya mapokeo, usiichukue kama orodha ya makaburi. Kinachohesabika ni majengo 16 ya makaburi yaliyoingia kwenye Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1988, pamoja na misikiti mitatu mikuu: Djingareyber, Sankoré na Sidi Yahia. Hayakai mahali pamoja. Mengine yako kwenye maziara ya kawaida pembezoni mwa mji, yakizungukwa na makaburi ya raia waliotaka kuzikwa jirani na walii. Mengine yamegusana kabisa na ukuta wa msikiti wa Djingareyber.

Waliolala humo wengi walikuwa wanazuoni na makadhi, watu waliosomesha na kuhukumu. Mfano ulio wazi ni Sidi Mahmoud bin Omar Aqit, aliyekuwa kadhi wa mji tangu 1498 hadi alipofariki 1548. Kaburi lake liko upande wa kaskazini. Mwanawe, al-Aqib, naye alikuwa kadhi, na ndiye aliyeijenga upya misikiti yote mitatu: Djingareyber kati ya 1570 na 1583, Sidi Yahia 1577 hadi 1578, na Sankoré 1578 hadi 1582. Ya Sankoré aliivunja patakatifu pake na kuijenga tena kwa vipimo vya Al-Kaaba. Ukoo huo huo wa Aqit ndio uliomtoa Ahmad Baba, mwanachuoni aliyepelekwa Marrakesh kwa nguvu baada ya jeshi la Morocco kuiteka Timbuktu mwaka 1591.

Tumeitaja kazi ya al-Aqib makusudi. Wasomaji kadhaa wameandika kwa mashaka kwamba kaburi lililojengwa upya "si lile tena". Katika mji huu, msikiti wa Djingareyber wa 1327, uliojengwa baada ya mfalme Mansa Musa kurudi hija, ulikwishajengwa upya na kupanuliwa karne ya 16, na tangu hapo umekandikwa udongo mpya mara zisizo na idadi. Hakuna kipande cha ngozi ya nje ya msikiti ule kilichoguswa na mkono wa fundi wa Mansa Musa, na hakuna mwenyeji anayesema msikiti si ule.

Swali: Kama yalibomolewa mpaka chini, mafundi walijuaje umbo la kila moja? Au walibuni tu?

Hili ndilo swali bora tulilopokea, kwa hiyo tutakaa nalo.

Kwanza mambo yalivyokwenda. Tarehe 28 Juni 2012 UNESCO iliiweka Timbuktu kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Siku mbili baadaye, tarehe 30, makundi yenye silaha yaliyokuwa yameushika mji yakaanza kubomoa kwa sururu, majembe na mitalimbo. Kufikia mji ulipokombolewa mwishoni mwa Januari 2013, majengo 14 kati ya yale 16 yalikuwa yameharibiwa. Tarehe 2 Julai 2012 ulivunjwa pia mlango wa msikiti wa Sidi Yahia, ambao mapokeo yalisema usifunguliwe mpaka siku za mwisho.

Sasa ufundi. Ukuta wa udongo ukipigwa sururu juu, unamwagika na kujifukia wenyewe. Kifusi kinafunika mistari ya chini, nayo mara nyingi inapona. Ndiyo maana kosa kubwa kuliko yote baada ya ubomoaji wa namna hii ni kuharakisha kusafisha uwanja kwa greda. Kifusi hutolewa kwa koleo na kwa mkono, tabaka kwa tabaka. Tofali lililo ndani ya ukuta na udongo uliomwagika vinatofautiana rangi, ugumu na mpangilio: ukikwangua taratibu kwa mwiko, unaona mistari ya maungio. Hapo unapata unene wa ukuta, pembe, kizingiti cha mlango na mahali pa nguzo kama zilikuwapo.

Timbuktu vilikusanywa vitu vitatu: uchimbaji wa kiakiolojia pale pale chini, picha na michoro ya zamani, na maelezo ya wazee, hasa jamaa zinazotunza makaburi na waashi ambao baba zao waliyakarabati. Vitatu hivi havikubaliani kila mara. Kanuni tunayoiona ya busara ni kwamba ardhi ndiyo inayoamua ramani ya chini, picha ndiyo inayoamua kimo na umbo la juu, na wazee ndio wanaoamua yaliyomo ndani, kwa sababu ndani hakuna aliyepiga picha. Ukiwapa wazee kazi ya kuamua unene wa ukuta, au picha kazi ya kuamua mpangilio wa ndani, utajenga kitu kizuri kisichokuwapo.

Picha nazo zina mtego wake. Ili upate kipimo kutoka kwenye picha unahitaji kitu unachokijua ukubwa wake ndani ya fremu ile ile: mlango, au ukuta wa msikiti jirani ambao bado umesimama. Lakini jengo la udongo linanenepa. Kila ukandikaji unaongeza sentimita moja au mbili, pembe zinakuwa za mviringo, kizingiti kinaonekana kuzama. Picha mbili za jengo moja zilizopishana miaka hamsini zinaweza kutofautiana kwa zaidi ya shubiri upande mmoja bila mtu kubadilisha chochote isipokuwa kupaka. Fundi anayenakili pembe ya mviringo kwa kujenga tofali za mviringo amekosea. Pembe hujengwa kali, mkandiko wa miaka ndio utakaoilainisha.

Jambo la mwisho hapa ni msingi. Ukuta mpya hukaa juu ya mstari wa zamani uliopona, baada ya kuondoa kila kipande kilicholegea mpaka ufike pagumu. Ukijenga nusu juu ya msingi wa kale na nusu juu ya kifusi kilichoshindiliwa, nusu moja itazama na nyingine itakaa, na ufa utatokea kwenye pembe. Utauona msimu wa kwanza wa mvua.

Kazi yenyewe ilianza Machi 2014 kwa majengo mawili yaliyogusana na Djingareyber, yakiwa kama darasa na kipimo. Mengine yakafuata, na yote yakakamilika Julai 2015. Tarehe 4 Februari 2016 yalikabidhiwa rasmi kwa jamaa zinazoyatunza, kwa kuchinja ng'ombe watano alfajiri, kuhitimisha Qur'ani na dua ya imamu wa Djingareyber.

Swali: Mimi ni mwashi, nimezoea tofali la saruji. Udongo wa aina gani hutumika, na unaandaliwaje hatua kwa hatua?

Fundi, sahau kwanza wazo kwamba udongo ni udongo. Tofali mbichi linataka mfinyanzi kati ya asilimia 15 na 30 hivi, na sehemu kubwa ya iliyobaki iwe mchanga. Mfinyanzi ndio gundi, mchanga ndio mifupa. Gundi ikizidi tofali linapasuka likikauka. Mchanga ukizidi linamong'onyoka ukilisugua kwa kidole.

Pima hivi. Chukua chupa ya kioo isiyo na rangi, jaza udongo theluthi, ongeza maji mpaka karibu na shingo na chumvi kidogo, tikisa kwa nguvu, kisha iweke isiguswe. Mchanga unakaa chini ndani ya dakika moja, vumbi laini linafuata kwa saa chache, na mfinyanzi unakaa juu kabisa kesho yake. Pima urefu wa kila tabaka kwa rula, utapata uwiano. Halafu fanya jaribio la pili, kwa sababu chupa haikuambii mfinyanzi wako ni wa aina inayovimba au la: tengeneza kisanduku cha mbao chenye urefu wa sentimita 60, upana 4 na kina 4, kipake mafuta, kijaze udongo uliokandwa vizuri, kianike kivulini mpaka kikauke kabisa. Sukuma udongo upande mmoja. Pengo likizidi sentimita mbili na nusu hivi, ongeza mchanga na urudie.

Nyuzi za majani hazitiwi kwa ajili ya nguvu kama wengi wanavyodhani. Kazi yake ni kugawa ufa. Bila makapi, udongo unaokauka unatoa nyufa chache kubwa. Ukiwa na makapi unatoa nyufa nyingi ndogo mno zisizo na madhara. Katika nchi ya Mto Niger makapi ya mpunga yanapatikana kwa wingi, na yanafaa kuliko majani marefu kwenye mkandiko kwa kuwa hayaachi mashimo. Kwa tofali, majani ya nafaka yaliyokatwa ya urefu wa kidole yanatosha. Kwa mkandiko, anza na ndoo moja ya makapi kwa ndoo tatu au nne za udongo.

Kisha subira, ambayo mwashi wa saruji haijui. Mchanganyiko unamwagiwa maji kwenye shimo, unakanyagwa kwa miguu, unaachwa uvunde, unakanyagwa tena. Kwa tofali siku chache zinatosha. Kwa mkandiko iache wiki mbili, au mwezi mzima ukiweza. Makapi yakioza hutoa utelezi unaoshikamanisha chembe, na mkandiko uliovunda unahimili mvua zaidi kuliko uliokandwa asubuhi na kupakwa jioni. Kipimo cha uwandani ni pua: usiponuka bado, haujawa tayari.

Tofali linafyatuliwa kwa kalibu ya mbao isiyo na kitako. Kalibu ya sentimita 40 kwa 20 kwa 10, kwa mfano, inatoa tofali la kilo 13 hivi likikauka, uzito ambao mtu mmoja anaumudu siku nzima. Nyunyiza mchanga mkavu chini kabla ya kufyatua, vinginevyo tofali litanata ardhini na kupasuka tumboni linapojikunja. Siku ya tatu lisimamishe kwa ubavu. Baada ya wiki mbili au tatu livunje moja katikati: ukiona kiini cheusi, unyevu bado umo, subiri. Tofali bichi ndani likijengwa litanywea ukutani na kuacha maungio wazi.

Cha kuungia tofali ni udongo ule ule, usiweke kitu kigumu zaidi. Loanisha tofali kidogo kabla ya kuliweka ili lisinyonye maji ya maungio yote kwa pupa. Usipandishe zaidi ya mistari mitano au sita kwa siku. Ukuta mbichi ukibebeshwa uzito wake wote kwa mara moja unafutuka katikati, na timazi lako la asubuhi halitakuwa na maana jioni. Pamoja na tofali, Timbuktu inatumia jiwe lake la chokaa liitwalo alhori, linalochimbwa karibu na mji. Linawekwa kwenye misingi na nyuso za kuta, mahali ambapo mchanga unaosukumwa na upepo unasugua kila siku.

Swali: Kwa nini hawakutumia zege la nondo ili lisivunjike tena?

Kwa sababu zege lingeyaua makaburi haya bila adui.

Udongo unapumua: unavuta unyevu kutoka ardhini na kuutoa kupitia uso wa ukuta. Ukipiga lipu ya saruji nje, unyevu unakosa njia, unapanda juu zaidi na kukaa nyuma ya lipu. Saruji ni ngumu na udongo unacheza; vikipashwa jua la jangwani mchana na baridi ya usiku haviendi pamoja, na nywele za ufa zinatokea. Mvua ya kwanza inaingia kwenye ufa, haioni pa kutokea, inateremka ndani na kuyeyusha mguu wa ukuta. Nje unaona lipu nzima, safi, na ukigonga inalia kama debe. Siku inapobanduka, inaondoka na sentimita kumi za ukuta. Chumvi nayo inafanya yake: maji yanayokauka nyuma ya saruji yanaacha fuwele zinazosukuma uso wa tofali mpaka uwe unga.

Timbuktu hupata mvua kidogo, milimita 200 hivi kwa mwaka au pungufu, karibu yote kati ya Julai na Septemba. Watu hudhani uchache huo ni usalama. Mvua chache zinazokuja kwa kishindo kwenye paa bapa ni mbaya kuliko manyunyu ya miezi sita.

Na kuhusu kuvunjika: sururu linavunja zege pia, linachukua muda zaidi tu. Tofauti inakuja baadaye. Zege lililovunjwa ni taka. Tofali la udongo lililovunjwa ukilirowesha linarudi kuwa udongo, na mafundi wa kulijenga tena wako mtaani, hawaagizwi mji mkuu. Majengo yale yote yalirudi kwa miezi, kwa mikono ya waashi wa Timbuktu wenyewe, ambao ufundi wao hurithishwa ndani ya koo na kila ukoo una nyumba unazozihudumia. Yangejengwa kwa nondo, fundi wa kesho angekuwa mkandarasi, na mkandarasi haji kila mwaka.

Swali: Huku pwani yetu upana wa chumba huamuliwa na boriti ya mkoko. Huko jangwani hakuna mikoko. Paa linashikwa na nini?

Sheria ni ile ile, mti ndio tofauti. Hutumika mkoma, na mvumo unaoletwa kutoka kusini zaidi. Mvumo ukipasuliwa wima na kukaushwa ni mgumu na mchwa haupendi, lakini huwezi kuuamini uvuke zaidi ya mita mbili na nusu au tatu ukiwa na udongo juu yake. Ndiyo maana majengo haya ni madogo, na misikiti mikubwa ndani yake ni msitu wa nguzo nene zenye vijia vyembamba katikati.

Paa lenyewe linakwenda hivi: maboriti, juu yake fito zilizopangwa kwa ukaribu, juu yake mikeka, kisha udongo wa sentimita 15 hadi 20 unaoshindiliwa kwa tabaka, na mwisho mkandiko. Usilipandishe unene kila mwaka. Hili ndilo kosa la watu wema: kila msimu wanaongeza tabaka kuziba vuja bila kukwangua la zamani, na sentimita 10 za udongo wa ziada ni karibu kilo 170 kwa kila mita ya mraba. Boriti inajipinda, katikati ya paa panakuwa bonde, maji yanatuama, wanaongeza tena.

Mteremko uwe angalau sentimita mbili kwa kila mita kuelekea kwenye mlizamu, na mlizamu utokeze nje ya ukuta si chini ya nusu mita. Mlizamu mfupi unatapika ukutani, na mfereji unaochimbika hapo hauzibiki kwa kupaka juu juu.

Milango ni mifupi ili uinamishe kichwa ukiingia kwa walii, ndivyo wengi wasemavyo, na hatubishi. Lakini uwazi mfupi pia unahitaji kizingiti kifupi cha mti, unadhoofisha ukuta kidogo, na unazuia mchanga. Tena ardhi ya nje imepanda: mchanga unaolundikana vizazi kwa vizazi umefanya vizingiti vingi viwe chini ya usawa wa njia.

Swali: Si wanazuoni wamekataza kujenga juu ya makaburi? Kwa nini kutukuza kilichokatazwa?

Ukurasa huu ni wa majengo. Hukumu ya fiqhi muulize shekhe wako, na utakuta wanazuoni wametofautiana. Tutasema moja tu la kumbukumbu ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, iliyosikiliza kesi ya ubomoaji. Ahmad al-Faqi al-Mahdi, aliyeongoza ubomoaji, alikuwa na rai kwamba kujenga juu ya kaburi hakufai, na bado alipoulizwa mwanzoni aliwashauri wakuu wake wasiyabomoe ili kulinda uhusiano na wenyeji. Wakuu wakaamua vingine, naye akasimamia.

Swali: Aliyebomoa alilipa kiasi gani?

Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilimhukumu al-Mahdi miaka 9 tarehe 27 Septemba 2016, baada ya kukiri kosa. Kesi ilihusu majengo 10: makaburi tisa na mlango wa Sidi Yahia. Agosti 2017 ikapanga fidia ya yuro milioni 2.7. Kilichotushangaza ni mgawanyo wake: uharibifu wa majengo yenyewe ulikadiriwa yuro 97,000 tu, hasara za kiuchumi zilizofuata yuro milioni 2.12, na maumivu ya nafsi yuro 483,000. Udongo ni rahisi. Ghali ni riziki ya watu waliouzunguka na kilichowauma. Mwenyewe hakuwa na fedha, hivyo Mfuko wa Wahanga wa mahakama hiyo uliombwa kubeba utekelezaji. Kazi ya ujenzi haikungoja hukumu: ilikuwa imekwisha kwa fedha za wafadhili, wakiwemo Umoja wa Ulaya na Uswisi, chini ya uratibu wa UNESCO na serikali ya Mali.

Swali: Mbona kuba la Samarra kule Iraki lilichukua miaka mingi zaidi?

Ni kazi ya aina nyingine kabisa. Haram ya Imamu Ali al-Hadi na Imamu Hasan al-Askari ililipuliwa kuba tarehe 22 Februari 2006, na minara miwili tarehe 13 Juni 2007. Kuba lile la dhahabu, lililokamilika 1905, lilivishwa vipande 72,000. Kila kigae ni shaba inayopinda kwa umbo la kuba na kuvishwa dhahabu, na kuba lenyewe ni la kipenyo cha mita 20 hivi. Huko unahitaji kiwanda, jukwaa refu na wahandisi.

Swali: Tunatunza kaburi la mzee wetu lililojengwa kwa udongo. Tufanye nini kila mwaka ili lisitushinde?

Kazi iwe kabla ya mvua, jua likiwa si la kuunguza, na ianzie juu.

Panda paani (kwa ubao uliolazwa juu ya maboriti, usikanyage katikati) mwage ndoo ya maji uone inaelekea wapi. Kama inasimama, kwangua palipoinuka badala ya kujaza palipobonyea. Safisha milizamu, viota vya ndege na mchanga ndivyo vinavyoziba. Kisha zunguka ukuta na kijiti kikavu ukiuchoma mguu wake, kuanzia ardhini hadi usawa wa goti. Hapo ndipo kuta za udongo hufa: unyevu unapanda, chumvi inachanua, upepo unasugua, na ukuta unaliwa kama mti uliokatwa shoka upande mmoja. Likitokea pango la kina cha zaidi ya robo ya unene, usilikandike. Kata mraba safi, ingiza tofali kavu kwa maungio ya udongo, gongomea kabari za tofali juu ili libebe, acha wiki moja, ndipo upake.

Ondoa mchanga uliolundikana ukutani mpaka uuone mstari wa msingi, na ardhi iteremke kwenda mbali na jengo walau mita moja. Usipande ua wala mti wa kumwagilia karibu. Usisakafie kwa saruji kuzunguka. Utayafukuza maji ya ardhini yatokee ndani ya ukuta.

Mkandiko: kwangua kila kinachotoa sauti ya utupu, nyunyizia maji ukuta mpaka ubadilike rangi bila kuchuruzika, paka tabaka la kwanza la sentimita mbili kwa mkono, ukisukuma na si kutandaza. Liache lipasuke, kwa sababu litapasuka. Likikauka, loanisha tena, paka la pili la sentimita moja lenye makapi mengi zaidi, ulisugue kwa kiganja au jiwe laini linapoanza kugoma. Epuka saa sita mchana; tabaka likikauka nje na ndani bado bichi linajikunja na kuanguka. Hesabu mita ya ujazo moja ya mchanganyiko mkavu kwa kila mita 25 za mraba za ukuta kwa tabaka zote mbili, maana unyweaji na upotevu hula sehemu yake.

Ufa ulio wima na mwembamba juu ya mlango ni wa kawaida. Weka alama ya penseli kwenye ncha zake na tarehe, uutazame mwakani. Ufa wa mshazari unaotoka kwenye pembe, mpana juu na mwembamba chini, ni msingi unaozama. Huo usiufunike kwa mkandiko: mwite mwashi achimbe pembe hiyo aone chini kuna nini.